Kitanda cha Kumi na Mbili Bado Kina Mtu

22 Agosti 2011

Shangazi,

Shikamoo. Kabla hujauliza: huku wote wazima. Mama anakusalimu, baba naye anakusalimu. Anakohoa kidogo, lakini ni vumbi tu. Wewe je, goti linasemaje? Naandika kwa sababu juzi kwenye simu nilikuuliza habari za goti ukanijibu habari za kuku, tena kwa kirefu. Hilo sikio lako limegoma kabisa, tusidanganyane.

Sasa kaa chini nikupe habari. Nimepata kazi ya mkataba pale hospitali, na hutaamini wamenipa chumba gani. Chumba chako! Mlango wa kijani, feni la mapanga mawili, na kile kiti ulichokifunga mguu kwa kitambaa. Kitambaa bado kipo. Nimekaa pale pale uliponipakata ukanifundisha kubonyeza herufi moja moja, ukaniita Kidole. Mwaka mmoja tu tangu ustaafu na tayari wamemweka kijana anayekula karanga juu ya kibodi.

Kazi yenyewe ni hii. Ripoti zote za wodi ya watoto, tangu 1988 hadi Juni mwaka huu, zimo kwenye ile kompyuta ya zamani, na ile programu yake haifunguki kwenye mashine nyingine yoyote. Wanataka kuizima. Kwa hiyo mimi natoa faili moja moja na kuziingiza kwenye lahajedwali, ili ziweze kujumlishwa na kuchorwa michoro. Rahisi kusema! Faili zako zilitengenezwa kwa ajili ya printa, si kwa ajili ya kuhesabia. Kila ukurasa una kichwa cha habari, mstari wa vistari, na safu zilizopangwa kwa nafasi tupu. Nikizihamisha, vichwa vya habari vinaingia katikati ya wagonjwa, umri unagandana na namba ya kitanda, na tarehe ndiyo kabisa: tarehe tano mwezi wa tisa inageuka tarehe tisa mwezi wa tano. Wiki nzima nimewatoa watoto wodini kabla hawajalazwa.

Nina maswali mawili. La kwanza, safu ya mwisho, "Hali ya kutoka", ina namba 1, 2, 3 na 4, na hapa hakuna mtu anayekumbuka maana yake. Kijana wa karanga anasema ni madaraja ya malipo. Mwongo.

La pili nicheke nawe kidogo. Lahajedwali linanihesabia siku ambazo kila mtoto amelala wodini. Wengi siku tatu, tano, nane. Halafu kuna mmoja, namba 0417/92, msichana wa miaka minne, kitanda cha 12, amelazwa tarehe 9 Juni 1992, tarehe ya kutoka hakuna. Siku 6,960! Huyu si mgonjwa tena, huyu ni mpangaji. Nadhani kuna mtu alisahau kumjazia. Nimfute?

Mwanao,
Kidole


19 Septemba 2011

Kidole mwanangu,

Marahaba. Barua yako ilikaa wiki mbili kwa wakala wa basi, kaiweka chini ya mizani akaisahau. Goti lipo. Kuku mmoja kapotea, na najua kaenda wapi, ila jirani ni mkubwa kuliko mimi siwezi kumwambia neno. Mama yako msalimie sana. Baba yako mwambie salamu nimezipata.

Mwambie huyo kijana karanga akalie nje. Mafuta yanaingia chini ya herufi.

Nisikilize vizuri, maana hapo ulipo unajitesa bure. Usihamishe ukurasa mzima. Kila mstari wa mgonjwa unaanza na namba ya rejista, yenye mkwaju katikati, kale kamstari ka kulala upande. Chukua mistari yenye mkwaju tu, mingine yote iache. Kisha usikate kwa kufuata nafasi tupu, kata kwa kuhesabu herufi: namba ya rejista ni herufi saba, jinsi mbili, umri tatu, kitanda tatu, tarehe ya kulazwa kumi, tarehe ya kutoka kumi, hali moja. Na tarehe iingize kwanza kama maneno, uigeuze baadaye wewe mwenyewe kwa mkono wako. Usiliachie jedwali likuamulie.

Namba za hali. 1 ni ameruhusiwa. 2 ni amehamishiwa hospitali nyingine. 3 ni ametoroka, yaani mzazi kamchukua bila kuaga, tulikuwa nao wengi.

Ule mstari wa kitanda cha 12 uache kama ulivyo. Hakuna aliyesahau.

Mvua bado hapa. Nimalizie, wakala anafunga.

Shangazi yako


14 Oktoba 2011

Shangazi,

Shikamoo. Asante, asante, asante. Ule mkwaju umeniokoa. Miaka kumi nimeimaliza ndani ya siku nane. Kuku akirudi niambie.

Hapa nyumbani hatujambo. Baba amepunguza kutembea, basi tu, umri. Mama anamnunulia magazeti, anasoma ukurasa mmoja analala.

Shangazi, ule mstari umeniletea balaa. Mkuu wa kitengo tunamwita Bwana Safi, kwa sababu kila kitu anataka kiwe safi, hata kikombe chake anakifuta kwa karatasi mpya. Ameona wastani wa siku za kulazwa umeruka juu, akaniuliza, nikamwonyesha kitanda cha 12. Akasema, "Futa." Nikamwomba anipe muda nihakikishe.

Basi nikahakikisha, na hapo ndipo nilipochanganyikiwa. Kila mwisho wa mwezi ripoti yako inaandika waliobaki wodini. Na chini yake imebanwa karatasi ya sista wa wodi, aliyehesabu vitanda kwa macho yake. Juni 1992 sista ameandika 17, wewe 18. Julai sista 22, wewe 23. Nimekwenda mwezi kwa mwezi. Miezi 229, na kila mwezi ripoti imezidi mtoto mmoja. Miezi 217 ya mwanzo ina sahihi yako. Wewe! Wewe uliyenirudishia ukurasa mzima niuandike upya kwa sababu ya nukta!

Na jingine. Uliniambia 1, 2 na 3. Ya 4 hukuniambia.

Bwana Safi amenipa hadi tarehe 31 Januari. Faili isipokuwa safi, kibarua changu kitaota nyasi, na safari hii hatanii. Niambie tu kilichotokea, nami nitajua la kumwambia.

Kidole


28 Novemba 2011

Shangazi,

Shikamoo. Wiki sita umepiga kimya. Nimemuuliza wakala, anasema barua uliichukua mwenyewe, ukaisomea pale pale umesimama, ukaondoka bila kuchukua chenji.

Nisamehe. Leo sina utani.

Juzi nilileta nyumbani ule ukurasa wa Juni 1992, nikauacha mezani. Baba akauchukua akidhani ni gazeti. Nilikuwa jikoni nachemsha chai. Nikatoka, nikamkuta ameweka kidole kwenye tarehe. "Tisa Juni," akasema. "Huyu ni Chiriku."

Shangazi, nilikuwa na miaka sita. Nilichojua ni kwamba mimi na mwanao Chiriku tulikuwa tunagombania mto wa kulalia, kwamba alikuwa akiongea mpaka anapoteza pumzi ndiyo maana mkamwita Chiriku, na kwamba siku moja alipelekwa hospitali na hakuna mtu aliyemtaja tena. Nilimuuliza mama, akaniambia nikacheze. Nikaenda kucheza. Sikumuuliza mtu tena hadi leo, na hilo linaniuma kuliko yote.

Halafu mimi nikamwita mpangaji. Nimeandika neno hilo kwa mkono huu na kulituma kwako. Nisamehe, shangazi, nisamehe sana.

Baba ameniambia mengine. Kwamba mliugua homa ile ile, wewe wodi ya wanawake hujitambui, Chiriku wodi ya watoto. Kwamba Chiriku alifariki wewe ukiwa bado hujafumbua macho, na baba ndiye aliyemzika, peke yake na mchimba kaburi, kwa sababu chumba cha maiti hakikuwa na umeme na hakuweza kusubiri. Akasema kuna lililobaki, lakini si la kuniambia mimi.

Na mimi nimekudanganya, shangazi. Si vumbi. Ni mapafu, yote mawili, tangu Julai. Alinikataza nisikuandikie, akasema hataki uje kwa kumhurumia. Sasa amebadilika. Anataka uje akuonyeshe mahali. Anasema hajawahi kukuonyesha na wewe hujawahi kumuuliza, na hakuna mwingine anayejua. Njoo. Daktari hasemi siku, anaangalia tu chini.

Mwanao


27 Desemba 2011

Kidole,

Marahaba mwanangu. Nimeandika barua hii mara nne. Tatu nimewashia moto.

Usiniombe radhi kwa neno la mpangaji. Nilicheka. Nilisimama pale kwa wakala nikacheka peke yangu, kwa sababu ni miaka mingi hakuna mtu aliyemtania mwanangu. Angekuwa na miaka ishirini na tatu. Programu haikumwongezea umri, kila mwezi inaandika minne, lakini mimi nilikuwa namhesabia.

Lililobaki nakuambia mimi, maana kaka hataweza.

Nilifumbua macho siku ya nne. Kaka alikuwa amekaa pembeni ya kitanda, shati limechafuka udongo. Nikamuuliza mtoto yuko wapi. Akasema, "Yupo wodini. Anaendelea vizuri." Nikamuuliza anakula? Akasema anakula. Nikamuuliza anaongea? Akasema, "Wamemkoma wauguzi." Nikacheka, Kidole. Nililala nikiwa na furaha. Siku nne aliniambia hivyo, asubuhi na jioni. Siku ya tano akaleta fulana ya mtoto, nikampa aende ampelekee avae akitoka. Akaipokea! Akatoka nayo mlangoni kama mtu anayeipeleka. Siku hiyo hiyo mfagiaji wa wodi akaja kunipa pole.

Najua alifanya kwa huruma. Daktari alimwambia mshtuko utaniua. Watu wote wameniambia hivyo na wote wana haki. Lakini mimi nilikuwa nimelala pale nikimfurahia mtoto aliyekwisha kuzikwa, na yeye ananitazama nikifurahi. Hilo ndilo lililonishinda. Sikumtukana, sikumfukuza. Niliacha tu kukanyaga nyumbani kwake.

Nikarudi kazini Agosti. Ripoti za Juni zilikuwa hazijaingizwa, zimenisubiri mimi. Nikawaingiza wote, mtoto mmoja mmoja. Nikafika 0417. Tarehe ya kulazwa, nikajaza. Umri, kitanda. Nikafika tarehe ya kutoka. Nikasema, kaka kaniambia yupo wodini. Basi na awepo. Nikabonyeza nikaenda mstari unaofuata.

Mgonjwa asiye na tarehe ya kutoka, programu inambeba yenyewe kwenda mwezi unaofuata. Sikufanya lolote zaidi ya hapo. Sista alipoleta karatasi yake akaona kumi na saba na kumi na nane, akafungua mdomo, akanitazama, akasaini. Alipoondoka yeye, nadhani alimwambia aliyemfuata, kwa sababu hakuna hata mmoja aliyewahi kuniuliza. Kila mwisho wa mwezi ilipokuwa inachapwa, nilikuwa nasogea karibu na printa nisubiri mstari wake utoke. Ukitoka, nakata karatasi, naendelea na kazi. Hata siku ya kustaafu niliusubiri.

Ni kosa, najua. Kwa hiyo nakwambia kama karani na si kama mama: Bwana Safi akiufuta mstari huo, mwanangu atakuwa hakulazwa hata siku moja. Cheti hana, picha hana. Hakuna pengine popote alipoandikwa. Usiufute. Nipe muda nitafute la kuandika.

Kaka mwambie nitakuja Machi, goti likipungua.

Hapana. Sitaki kudanganya kwenye barua hii. Goti halina neno. Naogopa. Kwa miaka yote hii sikuuliza mahali, kwa sababu nikishapaona, hayupo wodini tena. Mwambie kaka nipo njiani kwa moyo, miguu itafuata. Mwambie Machi kwa hakika. Na mwambie ile fulana, kama anajua iliko, nataka kujua.

Shangazi


16 Januari 2012

Shangazi yangu,

Sijui nianzeje salamu. Mama anakusalimu. Baba ametuacha tarehe 9, Jumatatu, saa tano asubuhi. Tulikutumia ujumbe kwa wakala wa basi, dereva anasema mto ulifurika wakageuzia njiani. Barua yako imefika tarehe 12. Tulikuwa tumeshamzika jana yake.

Sikuweza kumsomea. Nilikaa nayo kitandani kwake nikaisoma kwa sauti hata hivyo, mama akaja akanitoa.

Nisikilize, shangazi, usianguke. Baba alinipeleka mahali. Ilikuwa siku ya Krismasi, alisema watu watakuwa majumbani, hakutaka kutazamwa. Nilimsukuma kwenye kiti cha magurudumu mpaka makaburini, ile njia ya kokoto, kila hatua kumi anapumzika. Alinielekeza bila kukosea hata mara moja: geti dogo, bomba la maji, safu ya saba upande wa ukuta. Kaburi limepigwa sakafu ya saruji nyeupe, dogo, fupi kuliko meza yako ya kazini. Mtunza makaburi alikuja kumsalimia kama jamaa yake. Akaniambia, "Mzee huyu anakuja kila mwezi. Akija anazungumza peke yake, halafu anaondoka." Kila mwezi, shangazi, tarehe ya mwisho wa mwezi. Mimi na mama tulidhani anakwenda kufuata pensheni.

Nilimuuliza anazungumza nini. Akasema, "Namwambia habari za mama yake. Aliyezoea maneno hawezi kukaa kimya hivi."

Fulana ipo humo humo. Alirudi siku ile ile uliyompa, akamwomba mchimba kaburi afukue kidogo, akaiweka. Aliniambia pale pale nikwambie hivi, nami nanukuu neno kwa neno: "Mwambie aliniambia nimpelekee, nikampelekea."

Tumemlaza safu ya saba, pembeni yake. Aliomba mwenyewe.

Ya kazi sitaki kukuandikia, lakini tarehe 31 haisogei. Bwana Safi nimemweleza yote. Alifuta kikombe chake muda mrefu. Kisha akasema hataufuta mstari, ila hawezi kupokea faili yenye mtoto aliyelazwa siku 6,960. Amesema aujaze mwenye mstari.

Kidole wako


23 Januari 2012

Kidole,

Marahaba, mwanangu. Pole. Umebaki bila baba na mimi nimebaki bila kaka, na kati yetu sisi wawili aliyekuwa na nafasi ya kumuaga akaisogeza mpaka Machi ni mimi. Sina la kujitetea. Nimelia mpaka jirani kanirudishia kuku.

Kila mwisho wa mwezi. Mimi nimesimama kwenye printa nasubiri mstari utoke, na yeye yuko safu ya saba anamwambia habari zangu. Tungeulizana mara moja tu!

Barua hii nampa dereva mkononi, sio wakala. Andika hivi, polepole, usiruke kitu:

Namba ya rejista 0417/92. Jinsi KE. Umri 4. Kitanda 012. Amelazwa 09/06/1992. Ametoka 12/06/1992. Hali 4.

Uliniuliza mwezi wa nane maana ya namba nne. Ni amefariki. Miaka yote niliyofanya kazi ile nimewaandikia watoto wa wenzangu bila kusita, na wa kwangu sikuweza hata kukuandikia wewe kwenye barua.

Ukishajaza, hesabu ya kila mwezi itapungua mmoja na italingana na karatasi za masista. Zipitie zote. Wale wanawake walihesabu sawasawa, mwenye kosa ni mimi, na iandikwe hivyo kama kuna pa kuandika.

Na uangalie sana hiyo tarehe ya kutoka. Ni Juni. Jedwali lako lisije likaigeuza ikawa tarehe sita Desemba. Alikaa wodini siku tatu tu, nyingine zote nilimwongezea mimi. Asiongezewe hata moja tena.

Nakuja na basi la Jumamosi hii, tarehe 28. Nisubiri stendi, unishike mkono upande wa sikio linalosikia, kisha unipeleke moja kwa moja, nyumbani tutakwenda baadaye. Nataka niwasalimie wote wawili kabla makaburini hapajafungwa.

Shangazi yako